Mufwankolo: mchezo bila karatasi

Muzee Odilon Kyembe Kaswili, watu wa Katanga wanamjua kwa jina moja tu: Mufwankolo. Yeye na kundi lake la Lubumbashi walichekesha watu kwenye redio na televizyo kwa Kiswahili cha mji, kile tunasema nyumbani na sokoni.

Kazi yao haikuanza na karatasi. Walikubaliana habari ya mchezo, wakagawana nafasi, wakajaribu na kubishana mpaka ikashika. Maneno yenyewe, kila mtu alijitafutia.

Mwaka 1986 Johannes Fabian, mwanaantropolojia, aliwauliza maana ya msemo alioambiwa wakati wa kula kuku: madaraka yanaliwa mazima. Ile firigisi ni ya mkubwa, haigawanywi. Badala ya kumjibu tu, wakautungia mchezo mzima juu ya chifu na watu wake, wakauchezea kijijini Kawama mbele ya kamera za televizyo. Na ni wakati wa Mobutu, angalia!

Kitabu cha Fabian kilitoka mwaka 1990. Humo mazungumzo ya mazoezi yao yameandikwa kama walivyoyasema.