Papa Wemba mbele ya kamera, na mtoto wa Bukavu aliyemuweka pale

Ukipita jioni ku barabara ya Sake, hapa Lac Vert, huwezi kwenda mbali bila kusikia ile sauti ikitoka mu nganda: nyembamba, ya juu, kama ya mtu anayelia huku anacheka. Vijana wengi wanajua kama ni Papa Wemba. Wachache wanajua kama alikuwa pia mcheza filamu, tena aliyemuita ku kazi hiyo ni mzaliwa wa huku kwetu Kivu.

Jina lake kamili ni Jules Shungu Wembadio Pene Kikumba, aliyezaliwa tarehe 14 Juni 1949 kule Lubefu, mu Sankuru. Baba yake alikuwa askari. Mama yake alikuwa akiitwa ku matanga ili aimbe na kulilia wafu, na Wemba mwenyewe alimuhesabu kuwa mwalimu wake wa kwanza. Ukisikia vile anavuta sauti, utaamini.

Mwaka 1969, Kinshasa, alikuwa kati ya vijana walioanzisha Zaïko Langa Langa. Mwisho wa 1974 akatoka, akapitia Isifi Lokole na Yoka Lokole, na mu 1977 akasimamisha kikundi chake, Viva la Musica, ku Matonge. Mambo ya Sape na makoti ya bei kila mtu anayajua, tusiyarudilie.

Sasa filamu. Mweze Ngangura, aliyezaliwa Bukavu mwaka 1950, alisomea sinema Ubelgiji, kisha akarudi kufundisha Kinshasa. Mwaka 1987, yeye na Mbelgiji Benoît Lamy walitoa *La Vie est belle*. Wemba anacheza Kuru, mwanamuziki maskini wa kijijini anayekwenda Kinshasa kutafuta jina. Anapata kazi ya boyi kwa tajiri mwenye nganda, anapenda binti anayeitwa Kabibi, kumbe na bosi anamtaka binti huyohuyo. Angalia mchezo wenyewe: mfalme wa Sape anavaa nguo za boyi na kutumwa kama mtoto! Hajilazimishi kucheza. Anatembea, anatabasamu, na pale maneno yanamshinda, anaimba. Filamu inasemwa Kifaransa, lakini moyo wake uko mu nyimbo, na nyingine ni zake mwenyewe. Ondoa muziki, hadithi inaanguka.

Mtu anaweza kulaumu kama utawala wa Mobutu hauguswi sana mule ndani. Ni haki yake. Lakini sisi wa mashariki, ambao dunia inatuona tu mu picha za vita na kambi, tunajua bei ya filamu ya Kongo ambamo watu wanachekana, wanadanganyana, wanapendana. Na ni mtu wa Bukavu aliifikiria. Huyo Mweze, mu 1999, alipata zawadi kubwa ya FESPACO kule Ouagadougou, Étalon de Yennenga, kwa filamu yake *Pièces d'identités*.

Wemba naye aliendelea na muziki. Alizunguka dunia na Peter Gabriel, akatoa *Emotion* mu 1995. Mwaka 2003 alishikwa Ufaransa juu ya watu walioingizwa Ulaya kwa visa kama wanamuziki wake, akalala gerezani miezi kadhaa, na mu 2004 mahakama ikamuhukumu. Hatuwezi kuandika maisha yake na kuruka hapo.

Mu 2012 alirudi mbele ya kamera katika *Kinshasa Kids* ya Marc-Henri Wajnberg. Safari hii anacheza Papa Wemba mwenyewe, mu hadithi ya watoto wa barabarani wenye kutaka kuimba. Kijana Kuru amekuwa yule ambaye wengine wanamtafuta.

Usiku wa tarehe 24 Aprili 2016, ku Abidjan, mu festivali ya FEMUA, alikuwa jukwaani. Alikuwa na miaka 66. Ku video, wachezaji walio mbele wanaendelea kucheza, hawajaona bado kama kule nyuma yao mzee ameanguka.