Mwanza ya Wajerumani, 1892–1916

Wajerumani waliweka boma hapa mwaka 1892, kwenye nchi ya Wasukuma ambayo tayari ilikuwa na watemi na njia zake za biashara. Mji ulikua kati ya vilima vya mawe na maji ya ziwa.

Mwanzoni bidhaa zilipanda kutoka Tabora na Bagamoyo mabegani mwa wapagazi, wengi wao Wasukuma na Wanyamwezi. Reli ya Waingereza ilipofika Kisumu mwaka 1901, mambo yaligeuka. Ngozi, karanga, na baadaye pamba, zilivushwa kwa meli hadi Kisumu, kisha kwa treni hadi Mombasa: mali ya koloni la Mjerumani ikipitia bandari ya Mwingereza! Maduka ya Wahindi yaliuza vitambaa, chumvi na shanga.

Kilichowaumiza watu zaidi ni kodi ya nyumba, iliyoanza mwaka 1898. Ilitakiwa rupia, na rupia haikuchimbwa shambani. Asiyekuwa nayo aliuza mazao au ng'ombe, ama akaenda kufanya kazi za serikali. Kuanzia 1904 chenji ya rupia ilikuwa hela, 100 kwa rupia moja. Waswahili wa leo bado wanasema hela, wakimaanisha fedha.

Jioni familia zilikula ugali wa mtama kwa ngege, furu au dagaa. Sangara hakuwapo, aliletwa ziwani miaka ya 1950.

Waingereza waliuteka mji Julai 1916.