Kifo cha ghafla cha mtoto mchanga: Mambo ambayo mzazi anapaswa kufahamu

Mtoto hunyonya vizuri, hulazwa akiwa mzima, kisha hukutwa amefariki dunia usingizini. Msiba wa namna hiyo unapotokea, lawama mara nyingi humwangukia mama, ingawa huenda hakukosea lolote.

Kifo cha ghafla cha mtoto mchanga ni kile kinachompata mtoto wa chini ya mwaka 1, na chanzo chake kisibainike hata baada ya uchunguzi wa maiti, ukaguzi wa mahali alipolala na mapitio ya historia ya afya yake. Uchunguzi huo usipofanyika, ni vigumu kukitofautisha na kifo kilichotokana na maradhi kama homa ya mapafu. Hatari huwa kubwa zaidi kati ya miezi 2 na 4.

Katika ratiba ya Uganda, umri huo hukaribiana na chanjo za wiki ya 6, 10 na 14. Ndiyo maana baadhi ya wazazi huhusisha vifo hivyo na chanjo, lakini tafiti hazijathibitisha uhusiano huo.

Kinachojulikana ni kwamba kumlaza mtoto kifudifudi huongeza hatari. Nchini Marekani, kampeni ya kuwalaza watoto chali ilianza mwaka 1994, na katika miaka iliyofuata vifo hivyo vilipungua kwa takriban nusu. Mtoto mwenye afya njema akilala chali hakabwi kwa urahisi zaidi akicheua, kama wengi wanavyohofu.

Katika mtaa wa Kisugu, Tarafa ya Makindye jijini Kampala, familia nyingi huishi katika chumba kimoja cha kupanga, maarufu kama muzigo. Kulala chumba kimoja na mtoto ni jambo linaloshauriwa. Hatari iko katika kulala naye kitanda kimoja, hasa ikiwa mzazi amelewa au huvuta sigara. Inafaa mtoto awe na godoro lake dogo lililo gumu, lisilo na mto wala blanketi zito, na chandarua kitundikwe juu yake bila kumgusa usoni. Jiko la mkaa lisiachwe likiwaka ndani usiku, kwani hewa yake yenye sumu huua kimyakimya.

Maziwa ya mama nayo hupunguza hatari. Mzazi mwenye wasiwasi anaweza kumuuliza muuguzi siku ya chanjo katika kituo cha afya kilicho karibu. Jamaa waliofiwa, kwa upande wao, wanahitaji kufarijiwa kabla ya kuhojiwa.