Kigego na Simba: Habari za Kimya katika Asili ya Wakilindi

Kila nchi ina viumbe wake wa kutisha. Zimwi hula watu, na jini hupanda kichwani. Lakini katika nchi za Wazigua, Wanguu na Wasambaa, yaani Handeni, Korogwe na milima inayozitazama, alikuwapo kiumbe mwingine ambaye hakutoka porini wala majini. Alizaliwa nyumbani, akanyonya ziwa la mama yake kama watoto wengine, na hofu yake ilitunzwa kwa kimya. Aliitwa kigego.

Kigego ni mtoto aliyeota meno ya juu kabla ya meno ya chini. Yaliaminiwa kuwa akiachwa aishi, jamaa zake watakufa mmoja baada ya mmoja. Kwa hiyo desturi iliamuru auawe. Leo yajulikana kwamba meno ya chini hutangulia kwa watoto walio wengi, na kwamba ya juu yakitangulia hayana dhara lolote. Basi kigego alikuwa kiumbe wa kubuniwa, lakini mauti yake hayakuwa ya kubuniwa.

Katika nchi ya Nguu, iliyokuwa sehemu ya Wilaya ya Handeni hata ilipoundwa Wilaya ya Kilindi mwaka 2002, kigego mmoja alisalimika. Huyo ni Mbega. Abdallah bin Hemedi bin Ali Liajjemy, aliyeandika Habari za Wakilindi mwishoni mwa karne ya 19, asimulia kuwa wazazi wake walimpenda wakamlea. Walipokufa, ndugu walimnyima urithi, wakamwona kuwa chanzo cha kila msiba. Mbega akaondoka na mbwa wake wa kuwindia. Alikaa Kilindi, akapendwa. Lakini mwana wa mkuu wa huko alipouawa na nguruwe katika mawindo yao, ikambidi akimbie tena. Njia yake ilimpeleka ng'ambo ya mto Pangani, mto upitao Korogwe, akapanda milima ya Usambara. Huko aliwagawia watu nyama, akaua nguruwe waliokuwa wakiharibu mashamba, akaamua magomvi. Njiani kwenda Vugha akaua simba. Tangu hapo kigego akaitwa Simba, na uzao wake ukatawala Usambara.

Kimya hakikuachana naye. Mbega alipofariki, wazee wachache tu walijua. Walimzika usiku, wakaficha habari mpaka Bughe, mwanawe aliyekuwa Bumbuli, alipoletwa Vugha na kusimamishwa badala yake. Ndipo watu walipoambiwa. Hila hiyo ilikuwa na maana: nchi isiyo na mfalme, hata kwa siku moja, ingeweza kupasuliwa na wenye tamaa. Hofu hiyo haikuwa ya bure. Alipokufa Kimweri ya Nyumbai mwaka 1862, ugomvi wa Wakilindi uliwaingiza watu wa milimani na wa bondeni katika vita vya miaka mingi, na Semboja, mwanawe, akajipatia nguvu akiwa Mazinde, karibu na njia ya misafara.

Hapa lazuka swali. Watu walioweza kuficha kifo cha mfalme walishindwaje kuficha aibu ya meno yake? Yawezekana hawakutaka kuificha. Mtu aliyedhaniwa kuwa na nguvu ya kuangamiza ukoo wake angeweza pia kudhaniwa kuwa na nguvu ya kuilinda nchi nzima. Isitoshe, habari hiyo yaeleza kwa nini mgeni alifika peke yake, bila ndugu wa kumdai. Masimulizi haya yalipita vinywani kwa zaidi ya miaka mia moja kabla ya kuandikwa, na kila mapokezi ya ukoo wa kifalme huchaguliwa na wenye faida nayo. Msomaji asiyachukue yote kuwa shahada. Lakini desturi ya kigego yenyewe haikuwa hadithi.

Utawala wa machifu ulifutwa Tanganyika mwaka 1963, mwaka mmoja baada ya kitabu cha Liajjemy kutolewa upya na East African Literature Bureau. Leo jina la Mbega lasomwa na wengi. Bali vigego wengine, ambao wazazi wao hawakuthubutu au hawakuweza kuwaficha, hawana kitabu, wala kaburi linalojulikana, wala mtoto wa kuwasimulia. Mmoja aliyeachwa hai akawa mfalme. Wale waliouawa wangekuwa nani, hakuna awezaye kusema. Wahenga walinena kuwa kimya kingi kina mshindo mkuu. Katika nchi hizi mshindo huo ulisikika mara moja, kwa sababu mama mmoja na baba mmoja waliona meno ya mtoto wao wakanyamaza.