Rehani na Umbali: Deni la Misafara katika Ziwa Tanganyika

Kabla ya Kapteni Jacques kuasisi ngome ya Albertville, yaani Kalemie ya leo, mwishoni mwa 1891, misafara kutoka Ujiji ilivuka Ziwa na kushukia Mtowa, kaskazini mwa hapo. Nguo na shanga zilizobebwa hazikuwa zote mali ya wenye misafara. Nyingi zilikopwa Unguja kwa matajiri wa Kihindi, mfano Taria Topan aliyemkopesha Tippu Tip.

Aliyekuwa na nyumba au shamba pwani aliweza kuliweka kwa bei ya khiyari. Mkopaji "aliuza" mali yake, akabaki na hiari ya kuikomboa kabla ya muda maalumu, huku akilipa kodi iliyoshika nafasi ya riba. Muda ukipita, mali yote ilikuwa ya mdai, hata kama thamani yake ilizidi deni.

Asiyekuwa na mali aliweka uaminifu tu. Pembe zikikosekana, mdai hakuwa na mkono wa kufika ng'ambo ya Ziwa. Ndiyo sababu baadhi ya wadaiwa walilowea bara, wasirudi Unguja.

Tangu 12 Septemba 2012, Kongo hufuata sheria za OHADA. Rehani ya nyumba huandikishwa; mdaiwa asipolipa, kwa kawaida huletewa kwanza amri ya kulipa, kisha nyumba hupigwa mnada. Mdai hulipwa haki yake, na fedha inayobaki baada ya madeni yote hurudishwa kwa mdaiwa. Salio hilo bei ya khiyari haikulijua.