Kamba, Majivu na Njia ya Kwenda Taifa

Katika milima ya Wamatengo, wilayani Mbinga, ilimo Mkumbi, ardhi tambarare ni kitu adimu. Na wenyeji, ambao tangu zama za mababu wamechimba ngolo katika miteremko, yale mashimo yaliyopangwa safu kwa safu ili maji ya mvua yasiuchukue udongo, wanaijua thamani ya kila kipande cha ardhi kisichoinama. Ndiyo maana kiwanja cha shule milimani humo aghlabu ni mahali palipochongwa ubavuni mwa kilima, upande mmoja ukuta wa udongo mwekundu, upande wa pili bonde.

Siku ya kupima njia za mbio, mwalimu wa michezo huchukua kigingi, kamba na ndoo ya majivu. Kanuni yataka kona ya uwanja wa mita 400 ichorwe kwa kamba ya mita 36.50, kila ubavu ulionyooka uwe mita 84.39, na mbio zipimwe sentimita 30 nje ya ukingo wa ndani. Yaani, hata kabla ya kuhesabu njia za nje, patakiwa mahali pa mita 157 kwa 73. Mahali hapo hapapatikani kwa wepesi Umatengo. Basi mwalimu huifupisha kamba yake, na mtoto akimbiaye mita 1,500 huzunguka mara nyingi kuliko mwenzake wa mjini, kila kona ikimvuta nje, majivu yakimrukia miguuni. Hapo ndipo yanapoanzia mashindano ya riadha ya taifa, ingawa wengi wanaoisimulia historia yake huanzia mwisho, kwenye medali.

Riadha ya kupimwa kwa saa na utepe ilikuja kwetu katika enzi ya ukoloni, kwa njia ya shule na majeshi, ikihesabiwa kwa yadi na maili. Mwaka 1934 Kenya na Uganda zilianza kushindana zenyewe kwa zenyewe. Tanganyika na Zanzibar zikaingia baadaye, hata yakawa mashindano ya Afrika Mashariki. Baada ya uhuru majimbo yakagawanywa kuwa mikoa, yadi zikaachia nafasi mita, na sheria ya mwaka 1967 ikaunda Baraza la Michezo la Taifa. Ngazi ikasimama: shule, kata, wilaya, mkoa, hatimaye taifa, wanafunzi wa shule za msingi wakapanda kwa mashindano ya UMITASHUMTA na wa sekondari kwa UMISSETA, na watu wazima kwa timu za mikoa na za majeshi. Kwa kijana wa Mkumbi maana yake ni kwenda Mbinga mjini kwenye mchujo, akishinda aende Songea, na akichaguliwa tena ndipo apande gari la safari ndefu.

Ngazi hiyo ilipotunzwa, matunda yake dunia iliyaona. Mwaka 1968, katika Olimpiki ya Mexico, John Stephen Akhwari wa Mbulu alianguka katikati ya marathoni, goti likateguka, naye akainuka akamaliza zaidi ya saa nzima baada ya mshindi, wa mwisho kati ya 57 waliofika. Tarehe 2 Februari 1974, kule Christchurch, Filbert Bayi wa Karatu akaongoza mita 1,500 tangu mlio wa bastola hadi utepe, dakika 3 na sekunde 32.2, rekodi ya dunia. Moscow, mwaka 1980, Bayi na Suleiman Nyambui wakaleta medali mbili za fedha, ambazo hata leo ndizo pekee za Tanzania katika Olimpiki.

Wako wasemao kwamba fahari hiyo ni ya damu ya watu wa kaskazini na hewa nyembamba ya nyanda zao. Siikubali hoja hiyo. Milima ya Umatengo nayo ni mirefu, na mtoto wa huko hupanda na kushuka mashamba ya kahawa tangu utotoni. Wala Nyambui hakutoka milimani, bali Majita, ufukweni mwa Ziwa Victoria, kama vijana wa Liuli na Mbamba Bay walivyo watu wa ufuko wa Nyasa. Tofauti, kwa maoni yangu, imo katika ngazi.

Mwanzoni mwa miaka ya 2000 mashindano ya shule yalisimamishwa, yakarejeshwa baada ya miaka kadhaa, na watoto wengi wakamaliza masomo pasipo mtu kuwapima mbio zao hata mara moja. Wasichana ndio ninaowasikitikia zaidi, ilhali mwaka 1965, kule Brazzaville, Theresia Dismas alikwisha kuiletea nchi medali ya fedha kwa kurusha mkuki. Mwaka 2017 yalianzishwa Dar es Salaam mashindano ya taifa ya riadha ya wanawake, kwa msaada wa shirika la JICA la Japani, na Juma Ikangaa, mshindi wa marathoni ya New York ya 1989, akiwa miongoni mwa walioyapigania. Hilo ni jambo jema mno, lakini msichana hafiki huko ila kwa gari.

Mbinga hadi Songea ni takriban kilomita 100. Songea hadi Dar es Salaam ni zaidi ya 900. Nawe msomaji uliye na kauli katika halmashauri, nauli ya watoto hawa iandike katika makisio mapema, kabla mwalimu hajachukua kamba yake kwenda kiwanjani.