Akinfenwa, mushambuliaji wa kilo mia moja

Adebayo Akinfenwa, Mwingereza mwenye wazazi wa Nigeria, alizaliwa London mwaka 1982. Wengi walimuona mukubwa sana kwa mupira: alipita kilo 100. Alianzia mbali, Lithuania, katika ekipe ya FK Atlantas, na kule mashabiki walimutukana juu ya rangi ya ngozi yake. Lakini hakukimbia.

Kisha akazunguka divizio za chini za Uingereza: Swansea, Northampton, Gillingham na zingine. Siku ambayo watu hawaisahau ni tarehe 30/05/2016, kiwanja cha Wembley. AFC Wimbledon iko mbele ya Plymouth 1-0, dakika za nyongeza, penalti. Akinfenwa anafunga, ekipe inapanda divizio ya tatu. Shida ni kwamba kontra yake ilikuwa imefika mwisho! Mbele ya kamera akasema hana kazi, makocha wamwandikie kwa WhatsApp.

Wycombe ndiyo ikamuchukua. Mwaka 2020, yeye na miaka 38, Wycombe ikaingia divizio ya pili kwa mara ya kwanza. Mechi yake ya mwisho, 2022, ilikuwa tena fainali Wembley: Sunderland iliwapiga 2-0.